Sauti ya Pili Ukutani

1

Zamoyoni Mkude alikuwa na tabia moja iliyowachosha waongozaji wote wa filamu aliowahi kufanya nao kazi: hakuweza kutunga muziki wa tukio la mwisho akiwa amevaa viatu. Ndiyo maana Jumatano ile asubuhi, Nakijwa alipofika Kichangani na kukuta makubazi yamelala mlangoni, alijua kazi imefika penyewe. Akavua ndala zake, akaingia bila kubisha hodi, akaiweka chupa ya chai juu ya spika.

"Si juu ya spika," Zamoyoni akasema bila kugeuka.

Nakijwa akaihamishia sakafuni. "Haya, nisikilizishe."

Walikuwa wamezoeana kiasi hicho. Kwa miaka tisa walikuwa wametengeneza filamu tano, yeye Nakijwa akiongoza na Zamoyoni akitunga muziki, zote zikiwa filamu ndogo zisizo na kampuni nyuma yake. Kampuni kubwa zilishaacha kuajiri watunzi. Zilikuwa na mitambo inayotunga muziki wa filamu nzima kabla chai haijapoa, na muziki wenyewe haukuwa mbaya, tuseme ukweli. Ila mitambo ile haikuweza kitu kimoja, nacho ndicho kilichompa Zamoyoni heshima mjini Morogoro: haikuweza kwenda kusoma ukuta.

Kifaa chake cha kusomea kilikuwa mezani, kizito na chenye mpini, ukubwa wa pasi ya mkaa. Watu walikiita kisomakuta. Udongo mbichi una masikio, ila hausikii hewa, unasikia mkono. Mtu akikandika ukuta huku anaimba, sauti yake hushuka kwenye mifupa, ikapita begani na kiwikoni hadi kiganjani, na kiganja kikaiandika kwenye tope kwa mistari myembamba kuliko unywele. Tope likikauka, mistari inabaki humo hata miaka mia. Kisomakuta hupita juu yake taratibu, kikaikwangua chembe kwa chembe na kuigeuza kuwa sauti tena. Ubaya wake ni kwamba kinachosomwa kinakuwa vumbi, kwa hiyo ukuta husomwa mara moja tu.

Filamu yao ya sita iliitwa Nywele za Dada. Ilihusu dada wawili wazee walionuniana miaka thelathini, na dakika kumi na moja za mwisho hazikuwa na neno hata moja. Dada mdogo anamwosha dada yake nywele, basi. Nakijwa alikuwa amelipiga tukio lile kwa mkupuo mmoja, akamletea Zamoyoni na kumwambia, "Hapa mimi nimeishiwa. Sema wewe."

Zamoyoni akabonyeza. Skrini ikaonyesha beseni, maji, na mikono ya mwanamke. Kisha ikaja sauti ya binti anayevumisha wimbo kwa midomo iliyofumbwa, noti tatu zinazopanda na kutulia. Ikanyamaza. Hapo ndipo zeze lilipoingia, likajaza ule ukimya kwa upole, na sauti ikarudi tena. Ilikuwa sauti ya mtu mwenye shughuli mikononi na raha moyoni. Zamoyoni alikuwa ameitoa katika ukuta wa nyumba moja ya zamani huko juu Mgeta, akaijengea muziki wa filamu nzima.

Nakijwa alisikiliza hadi mwisho, akajifuta macho kwa upindo wa kanga. "Kaka Zamo, wewe ni mtu mbaya sana," akasema, na kwa lugha yao hiyo ilikuwa sifa ya juu kabisa.

"Wimbo ulikuwa na mapengo," Zamoyoni akasema, akijidai kidogo. "Unakatika kila baada ya noti tatu. Mara kumi na nne. Sijui alikuwa anachota tope au vipi. Nikaziba kwa zeze."

"Umeziba vizuri. Sasa nipe jina lake niliweke mwishoni mwa filamu."

"Hilo sina."

"Basi tuandike hajulikani."

Zamoyoni akakunja uso. Alikuwa na ugomvi na neno hilo. Mtu amekupa pumzi yake, wewe unamlipa kwa kumwita hajulikani. Akamtafuta hewani Bwana Dominiki, mwenye nyumba, ambaye ndiye aliyetia saini ya kuruhusu ukuta usomwe.

"Aliyekandika ule ukuta wa nyuma?" sauti ya Dominiki ikajaa chumbani. "Huyo ni Mama Fausta, mke wa kwanza wa marehemu mjomba. Yupo hapo hapo kwenu, mwalimu, Kihonda. Anashona majoho ya kwaya."

"Yupo hai?"

"Jumapili iliyopita alikuwa hai na alikuwa anagombana na paroko."

Simu ilipokatika, Nakijwa alikuwa ameshaelewa mwenzake anawaza nini, maana alianza kutikisa kichwa mapema. "Ruhusa tunayo, kaka. Sheria inasema mwenye nyumba, na mwenye nyumba ameruhusu."

"Sheria ilitungwa watu wakidhani kila aliye ukutani ameshakufa."

"Na akikataa? Ijumaa saa sita mchana unakabidhi. Jumamosi watu wanakaa vitini."

"Akikataa, Jumamosi tutaonyesha wanawake wawili wakioshana nywele kimya kimya."

Nakijwa akanywa chai yake yote, kisha akamletea makubazi yake kutoka mlangoni. "Vaa," akasema. "Nenda kabla sijabadili mawazo."

2

Bajaji iliyomchukua haikuwa na dereva, na ilikuwa na adabu ya kupitiliza: kila ilipokanyaga shimo iliomba radhi. Mpaka Kihonda ilikuwa imeomba radhi mara arobaini hivi.

Bi Leokadia Mbena alikuwa barazani na cherehani yake, mapajani amekumbatia joho la zambarau. Miaka yake ilikuwa inakaribia themanini, miwani imening'inia puani, kifua kimebandikwa pini kama kumi. Zamoyoni alisimama kwa heshima. Kwa kuwa jina alilopewa lilikuwa moja tu, akalitumia, kama ambavyo mtu yeyote aliyelelewa angemwita mama wa watu.

"Shikamoo, Mama Fausta."

Cherehani ikasimama. Bi Leokadia hakuinua uso papo hapo. "Marahaba," akasema mwisho. "Nani kakwambia niitwe hivyo?"

"Bwana Dominiki, wa Mgeta."

"Dominiki. Huyo alikuwa hajazaliwa." Akavua miwani. "Hapa mjini naitwa Mama Evarista. Jina hilo lako lina miaka karibu sitini sijalisikia. Kaa, utaniangukia."

Zamoyoni akakaa, akiwa ameshahisi amekanyaga pabaya bila kujua wapi. Akajieleza: filamu, nyumba, ruhusa, kisomakuta. Mama yule alisikiliza huku akichomoa pini moja moja kifuani na kuzipanga kwenye kitambaa.

"Nasikia kuta siku hizi zinasema," akasema. "Wangu umesema nini?"

"Haukusema, mama. Uliimba."

Akampa hedifoni. Bi Leokadia akaivaa juu ya kilemba, akafumba macho. Zamoyoni alikuwa amezoea kutazama watu wakisikiliza kazi yake, ila hakuwahi kutazama mtu akijisikiliza akiwa na miaka kumi na tisa. Uso ulilegea, ukatabasamu. Kisha ukajikunja.

"Kinachopiga hapo ni nini?"

"Zeze."

"Linafanya nini?"

"Wimbo unakatika hapo kila mara, mama. Nimeziba."

"Nani kakwambia umekatika?" Akavua hedifoni. "Na wewe unajiita mtunzi. Kwaya unaijua?"

"Nimekulia humo."

"Basi jisikilizie mwenyewe. Mimi nimeimba sauti ya pili miaka arobaini na tatu, na kabla ya hapo niliimba nyumbani. Sauti ya kwanza sijaigusa maishani. Hicho ulichokipamba na mazeze yako ni kitu gani?"

Zamoyoni akaivaa, akasikiliza, na masikio yakamwaka kwa aibu. Ilikuwa wazi mno. Noti tatu zinazopanda kidogo na kukaa, zinamngoja mtu. Mtoto yeyote wa kwaya angejua kwamba hiyo ni sauti inayosindikiza. Yeye, na elimu yake yote, alikuwa amemvika msindikizaji shela ya bibi harusi, akamtembeza filamu nzima.

"Ni ya pili," akasema.

"Ni ya pili."

"Na ya kwanza iko wapi?"

"Ya kwanza ilikuwa mgongoni."

Akasema hivyo bila kubadili sauti, akarudi kulikunja joho. Halafu akaeleza. Fausta alikuwa na miezi minane, mtoto wa kwanza. Kukandika kulikuwa kazi ya siku nne, na hakuwa na wa kumwachia, kwa hiyo alimfunga mbeleko na kukandika naye. Ili asilie, alimvumishia. Siku ya pili mtoto akaanza kujibu. Mama anatoa noti tatu, ananyamaza, Fausta anatoa za kwake mgongoni, na mama anarudi. Wakakandika hivyo ukuta wote wa nyuma.

"Huo ulikuwa mwezi wa nane," Bi Leokadia akasema. "Mwezi wa kumi homa ilimkamata Jumatatu, Alhamisi tukazika. Picha hatukuwa nayo, simu yetu ilikuwa ya tochi, isiyo na kamera. Mwaka uliofuata nikaondoka na sanduku langu, maana ardhi ile ilikuwa ya ukoo wa mama mkwe, naye aliamua mimi sina changu pale tena. Usinitazame hivyo. Nimezaa wengine wanne na wajukuu siwahesabu. Lakini umeniuliza ya kwanza iko wapi."

Zamoyoni akavua hedifoni, akaiweka magotini.

"Sasa na mimi nikuulize. Huyo mtoto umemweka wapi?"

Swali lilikuwa rahisi kuliko jibu. Kila sauti mbichi inayotoka ukutani huwa na takataka zake: mchanga, nyufa, mapigo ya moyo. Kisomakuta huzionyesha kwenye skrini kama madoa ya kijivu na kuuliza, uchafu? Mtunzi anabonyeza ndiyo, kisomakuta kinasafisha, kazi inaendelea. Katika ukuta wa Mgeta kulikuwa na madoa hafifu chini kabisa, chini ya sauti yenyewe. Kisomakuta kilikisia kuwa ni tumbo la mwimbaji lenye njaa. Zamoyoni alibonyeza ndiyo mara kumi na nne, huku akila karanga.

"Mashine iliniuliza kama ni uchafu," akasema. "Nikasema ndiyo."

Bi Leokadia akakata uzi kwa meno. "Na amefutika?"

"Kwenye niliyoisafisha, ndiyo. Ile mbichi ipo bado. Sheria inasema ifutwe nikikabidhi kazi, Ijumaa saa sita mchana, kifaa chenyewe kinafuta. Lakini mama, sijui kama ni yeye. Ukuta hausikii mtu wa mgongoni, unasikia mkono tu. Huenda ni mchanga. Mimi mwenyewe sijaisikiliza."

"Usiisikilize." Kwa mara ya kwanza sauti yake iliyumba. "Kama yumo, nataka nimsikie mimi kwanza. Na sijui kama nataka. Nipe nafasi. Ijumaa nitakuja, au sitakuja. Nisipokuja, mfute, na mimi usinifuate tena."

"Na filamu?"

"Filamu yako ingoje foleni," Bi Leokadia akasema, na cherehani ikaanza kulia.

3

Alhamisi Nakijwa alisikia habari yote akiwa amesimama, kisha akakaa chini sakafuni. Akatoa hoja ambayo Zamoyoni alikuwa ameikimbia tangu alfajiri.

"Isikilize."

"Nimeahidi."

"Najua umeahidi. Fikiria kwanza. Bibi wa miaka themanini anapanda bajaji, anakuja hapa, anatega sikio miaka sitini baadaye, na anakuta mchanga. Utakuwa umemzikisha mara ya pili, kaka. Isikilize sasa hivi. Ukikuta mchanga, mpigie umwambie asije. Huo si uongo, ni utu."

"Na nikikuta mtoto?"

"Mpigie aje."

"Na mimi nitakuwa nimemsikia kabla ya mama yake."

Zamoyoni akaendelea, polepole, maana alikuwa anajieleza mwenyewe pia. Kila mtu alikuwa ameshamwamulia mama yule. Mama mkwe aliamua, Dominiki aliamua, yeye aliamua kwa kidole huku akila karanga. Kitu pekee alichoomba ni kutangulia. Kumlinda kwa kumwibia hicho, hata kwa nia njema kiasi gani, kulimshinda. Lakini hapo hapo alikiri kwamba anaogopa, na kwamba mkono wake ulikuwa umeenda kwenye hedifoni mara tatu asubuhi ile.

Nakijwa akainuka, akaichukua hedifoni mezani, akaitia mkobani na kuufunga zipu. Kisha akachomoa waya za spika zote mbili, akazitia humo humo.

"Nitakurudishia kesho," akasema. "Sasa fanya kazi."

Ikawa siku ya ajabu katika maisha ya mtunzi: kutwa nzima alifanya kazi ya sauti kwa macho. Aliifungua ile mbichi kwenye skrini na kuyarudisha madoa moja moja, akiosha mchanga uliokuwa pembeni yake bila kuyagusa yenyewe. Alipima urefu wake. Alilinganisha nafasi zake. Kufika adhuhuri alikuwa na hakika ya jambo moja, na akamwita Nakijwa alione.

"Tazama. Yote kumi na manne yako ndani ya mapengo. Hakuna hata moja lililomwingilia mama akiimba."

"Maana yake?"

"Mchanga haungoji zamu."

Nakijwa akaitazama skrini muda mrefu. Alikuwa amehangaika na filamu hii miaka mitatu, na sasa, siku mbili kabla ya kuionyesha, alijua inaweza kupoteza roho yake yote. Zamoyoni alimwona akilifikiria hilo, akamwona pia akiliacha. Alimpenda sana wakati ule, kama mtu anavyompenda mdogo wake aliyekua bila yeye kuangalia.

"Atasikiaje?" Nakijwa akauliza. "Kwa hedifoni? Kama ilipita mkononi, sikioni itakuwa hafifu mno."

Zamoyoni hakuwa amelifikiria. Wakatoka nje nyuma ya nyumba, wakachimba udongo karibu na bomba, wakaukanyaga pamoja wakiwa pekupeku. Wakaukandika juu ya ubao mpana, na chini ya ubao Zamoyoni akafunga kitetemeshi cha spika kubwa. Nakijwa alijaa tope hadi kwenye nyusi. Wakauanika juani.

Jioni, kabla ya kuondoka, Nakijwa alimkuta anaondoa zeze lote kwenye tukio la mwisho. Ilikuwa sehemu nzuri kuliko zote alizowahi kuandika, na wote wawili walilijua hilo.

"Hata hajakubali bado, kaka."

"Ndiyo maana," Zamoyoni akasema.

4

Ijumaa ilipiga saa tatu, saa nne, saa nne na nusu. Ubao wa tope ulikuwa mezani, umekauka kingo na bado una unyevu katikati. Nakijwa alikuwa amerudisha waya na hedifoni, akaketi kizingitini.

Saa tano kasoro robo wakasikia bajaji ikiomba radhi nje.

Bi Leokadia alivaa kitenge kipya. Aliyaona makubazi mlangoni, akavua viatu bila kuambiwa, akapita. Aliutazama ubao. "Hiki ni nini?"

"Sauti iliingia kwa mkono," Zamoyoni akasema. "Nimeona itoke kwa mkono."

Mama akausogelea ubao. Akakunja mkono wa blauzi kama anayeanza kazi, akalaza kiganja cha kulia juu ya tope, vidole vimetanuka. Mkono ulijua pa kukaa. "Usinitazame usoni, mwalimu. Weka na wa kwako hapo pembeni. Nikimkosa, uwepo wa kuniambia kwamba na wewe umemkosa."

Zamoyoni akaweka kiganja chake karibu na cha kwake, akabonyeza kwa mkono mwingine.

Binti wa miaka kumi na tisa akavumisha noti tatu. Zilipita chini ya viganja vyao, zenye nguvu, akanyamaza. Palikuwa kimya.

Halafu ikaja. Haikuwa sauti ya kusikika hasa, ilikuwa mtetemo mdogo unaopanda, *mm-mm-aa*, umechelewa kidogo, na mwishoni ukaangukia pembeni ya noti. Ulitoka katika kifua kidogo kilichobanwa na mbeleko, ukapita kwenye uti wa mgongo wa mama yake hadi kiganjani. Ukuta haukuwa umemsikia mtoto. Mkono wa mama ndio uliomsikia, na ukuta ukaandika.

Binti akacheka kidogo, akaendelea.

Bi Leokadia hakulia wakati ule. Alisikiliza pengo la pili, la tatu. Katika la nne mtetemo ulikatika na kitu kingine kifupi kikapita chini ya vidole.

"Hapo amecheua," akasema, na ndipo machozi yalipomtoka, akiwa bado anacheka. "Alikuwa na tabia hiyo. Nilikuwa nimesahau kwamba alikuwa anacheua akiimba."

Wimbo mzima ulikuwa wa dakika nne. Ulipoisha akasema, "Tena." Wakapiga tena. Nakijwa alikuwa amejifunika uso kwa mikono pale kizingitini. Mara ya sita, saa ya ukutani ikiwa imebakiza dakika ishirini na tano, Zamoyoni alishindwa kuvumilia.

"Mama, naweza nisikabidhi. Nisipoweka kidole, hakifuti."

"Na filamu ya binti huyu?"

"Haitaonyeshwa."

Nakijwa akainua kichwa. Sauti yake ilikuwa imevimba. "Asiweke, mama. Mimi nitatengeneza nyingine."

Bi Leokadia akawatazama wote wawili, mmoja baada ya mwingine, wakiwa na tope kwenye kucha. "Nyie watoto mna moyo," akasema. "Lakini nikae na mashine ya watu chini ya kitanda, nimsikilize mwanangu kama redio, mpaka nimchoke? Hapana. Mwalimu, sauti ya pili unaiweza?"

"Nitajaribu."

"Jaribu. Mimi nitashika ya kwanza."

Zamoyoni akavumisha noti tatu. Bi Leokadia akafumba macho, na yule mama aliyesimama safu ya nyuma ya kwaya miaka arobaini na tatu akaingia na sauti ya mwanawe. Alikosea.

"Umewahi mno, mama," Zamoyoni akasema kwa woga. "Yeye anachelewa."

"Kweli. Tena."

Wakarudia. Wakapiga ile mbichi ili ahakikishe, wakarudia tena. Alimrekebisha Zamoyoni pia, akamwambia anaimba kama anayeidai zamu, amsubiri mwenziwe. Pengo kwa pengo alimchukua Fausta mzima: kuchelewa kwake, kupanda kwake, pale anapoangukia. Kucheua alikukataa, akasema ana adabu zake.

Saa sita kasoro dakika tatu alitoa mkono juu ya tope. Alama ya kiganja ilibaki pale.

"Tosha. Ninaye," akasema. "Weka kidole. Ya kwangu mpe binti, ni yake. Ya Fausta haitoki hapa. Na pale penye pengo msiweke kitu chochote, wala zeze wala nini. Paacheni wazi."

Zamoyoni akaweka kidole. Kisomakuta kikatoa mlio mmoja mfupi, na madoa kumi na manne yakatoweka kwenye skrini. Nakijwa alienda kumimina chai.

5

Jumamosi ukumbi ulijaa. Bi Leokadia alikaa safu ya tatu na wenzake wanne wa sauti ya pili, wote wamevaa kama wanaenda kwenye kipaimara. Zamoyoni alisimama nyuma kabisa na Nakijwa, akavua viatu gizani.

Dakika kumi na moja zikaanza. Beseni, maji, mikono ya dada mdogo. Sauti ya binti ikavumisha noti tatu, ikanyamaza, na ukumbi ukasikia maji tu yakidondoka. Watu walijiweka sawa vitini. Pengo la pili, la tatu. Kufika la sita hakuna aliyekohoa. Walikuwa wameanza kungoja naye, bila kujua wanamngoja nani, na Zamoyoni akaelewa kwamba zeze lake zuri lingewanyima hilo.

Nakijwa akamshika mkono, akambana vidole hadi vikauma.

Mapengo kumi na matatu yalipita kimya. Katika la kumi na nne, dada mkubwa kwenye skrini alipoinamisha kichwa akajiachia mikononi mwa mwenziwe, safu ya tatu mtu mmoja akaimba. Hakuomba ruhusa wala hakuinua sauti. Wale wanawake wanne waliokaa naye bega kwa bega maisha yao yote wakageuka kumtazama, maana hawakuwahi kumsikia Leokadia akishika sauti ya kwanza.

Alichelewa kidogo kuingia, akapanda, akaangukia pembeni ya noti.

Kisha majina yakaanza kupanda kwenye skrini, na katika majina hayo kulikuwa na mistari miwili aliyoiandika Nakijwa mwenyewe asubuhi ile. Sauti ya pili, Leokadia Mbena. Sauti ya kwanza, Fausta, miezi minane.